Mnene anaweza kuwa steringi? Sammo Hung na ufundi wa ngumi za kuchekesha

"Shikamoo mtaalamu. Tuko vijana sita, tunatengeneza vichekesho vya kung fu kwa simu na kuvirusha mtandaoni. Mimi ndiye mtunzi na mwongozaji, na ni mnene, kilo 98. Tangu utotoni kwenye kibanda umiza nilimpenda yule Mchina mnene, Sammo Hung. Wenzangu wanasema alikuwa msindikizaji tu wa Jackie Chan, na kwamba ujuzi aliupata hekalu la Shaolin, kwa hiyo sisi tusijidanganye. Wanasema pia wale walikuwa wanapigana kweli ndiyo maana zinanoga, wakati ngumi zetu zinaonekana za uongo. Basi na sisi tumeanza kupigana kweli. Juzi mwenzetu karuka ukuta, kaangukia kisogo. Kichwa bado kinamuuma ila anasema yuko fiti. Naomba unieleze huyu mtu alifikaje pale, na sisi tuchukue nini kwake. Na je, mnene anaweza kuwa steringi?"

Marahaba, kijana wangu. Sammo Hung atasubiri kidogo. Nianze na huyo aliyeangukia kisogo, kwa sababu lake halisubiri.

Mpelekeni kituo cha afya leo, hata kama anasema yuko fiti. Kichwa kikigonga chini kwa nguvu, ubongo hutikisika ndani ya fuvu, na damu inaweza kuvuja polepole kwa saa nyingi, hata siku kadhaa, bila alama yoyote kuonekana nje. Akitapika zaidi ya mara moja, akisinzia isivyo kawaida, akianza kuchanganya maneno, akipata degedege, mboni ya jicho moja ikiwa kubwa kuliko ya pili, au majimaji yakimtoka puani au masikioni, hapo hakuna tena kungoja asubuhi: ni hospitali kubwa, saa hiyohiyo. Asijitibu kwa aspirini wala diklofenaki, maana dawa hizo zinaweza kuongeza uvujaji wa damu. Na asirudi mazoezini mpaka daktari amruhusu. Pigo la pili juu ya ubongo ambao haujapona ni hatari kuliko la kwanza.

Sasa tuje kwa mnene wako.

Hakulelewa Shaolin. Jina lake la Kichina ni Hung Kam-bo, kazaliwa Hong Kong Januari 1952, kwenye ukoo wa watu wa sinema. Babu yake, Hung Chung-ho, alikuwa mwongozaji, na bibi yake, Chin Tsi-ang, alikuwa mmoja wa wanawake wa mwanzo kucheza filamu za mapigano. Mwaka 1961, akiwa na umri wa miaka tisa, akaingizwa China Drama Academy, shule ya bweni huko Kowloon iliyofundisha opera ya Beijing chini ya mwalimu Yu Jim-yuen. Msanii wa opera hiyo anaimba, anaigiza, anapiga sarakasi, na anapigana kwa mikuki na panga jukwaani, vyote vikifuata mdundo wa ngoma na matoazi. Watoto walifungwa kwa mkataba wa miaka. Alfajiri walikuwa wameshaamka kunyoosha viungo, kusimama kwa mikono na kupiga samasoti, na aliyekosea alikula fimbo. Fimbo hizo msiziige. Ninachotaka uone ni kwamba Sammo alitoka pale na ufundi wa jukwaa, yaani namna ya kulionyesha pigo lisiloua mtu hadi aliyekaa kiti cha mwisho aamini kwamba limempata. Hekalu halihitajiki kwa hilo. Yanahitajika mazoezi, na mazoezi mnaweza.

Kwenye shule hiyo wanafunzi bora waliunda kundi la maonyesho lililojulikana kama Seven Little Fortunes. Humo walikuwamo Jackie Chan na Yuen Biao, na Sammo ndiye aliyekuwa kaka yao mkubwa. Miaka ya 1960 sinema na televisheni vilinyang'anya opera watazamaji wake, na vijana hawa wakabaki na miili iliyofundwa lakini jukwaa hawana. Wakakimbilia studio za filamu, wakawa wacheza stanti: wale wanaoanguka kwenye ngazi badala ya steringi.

Hapo ndipo habari ya "msindikizaji wa Jackie" inapovunjika. Kampuni ya Golden Harvest ilipoanzishwa mwaka 1970, Sammo aliingia mapema kama mpangaji wa mapigano. Alifanya kazi kwenye filamu za mwongozaji Huang Feng, na baadaye na King Hu, bingwa wa filamu za mapanga, kwenye The Fate of Lee Khan na The Valiant Ones. Ukiitazama Enter the Dragon ya mwaka 1973, yule mnene anayepambana na Bruce Lee mwanzoni kabisa mwa filamu ni yeye. Mwaka 1977 akaongoza filamu yake ya kwanza, The Iron-Fisted Monk. Mwaka uliofuata akaongoza Enter the Fat Dragon na Warriors Two, na pia ndiye aliyepanga mapigano ya kumalizia Game of Death, ambayo Bruce Lee alifariki akiwa ameiacha njiani. Miaka ya themanini Jackie alikuwa akiongozwa na Sammo: Winners and Sinners ya 1983, Wheels on Meals ya 1984, My Lucky Stars na Heart of Dragon za 1985, Dragons Forever ya 1988. My Lucky Stars ilivuka dola milioni 30 za Hong Kong kwenye majumba ya sinema ya kwao. Ukimtoa Sammo nyuma ya kamera, nusu ya zile filamu mlizozitazama kibandani hazipo.

Kuhusu unene, jibu lako liko ndani ya Enter the Fat Dragon. Sammo anacheza mfuga nguruwe kutoka shamba anayekuja mjini kusaidia kwenye kibanda cha chakula cha mjomba wake. Anamhusudu Bruce Lee kupita kiasi, na kila akipigana anamuiga: anagusa pua kwa kidole gumba, analia kwa ile sauti nyembamba, anarusha teke la juu. Mtazamaji anacheka kwa sababu jicho lilitegemea mwili ule uwe mzito, na mwili unakuja mwepesi. Angalia vizuri na utaona kwamba teke lenyewe ni sahihi kabisa: goti linapanda kwanza, nyonga inageuka, mguu wa chini unafunguka mwisho. Angelirusha vibaya, kichekesho kingekuwa mnene asiyejua, na hicho huchosha baada ya dakika mbili. Kwa hiyo ndiyo, mnene anaweza kuwa steringi, lakini unene wake usiwe ndio kichekesho chenyewe. Uwe mtego ambao ustadi wake unakuja kuufyatua.

Na kichekesho chake hakiko kwenye kukunja uso. Kiko kwenye taarifa: nani anajua nini, na lini. Tazama Encounters of the Spooky Kind ya mwaka 1980, ambayo yeye ni mwongozaji na steringi. Anacheza Cheung, mtu anayejisifu kwa ujasiri, ambaye tajiri yake anatembea na mke wake na sasa anataka afe. Anapewa changamoto ya kulala kwenye hekalu lenye jeneza, na maiti ni ya kufufuka. Anaambiwa atafute mayai ya kuku, kila maiti ikitaka kutoka ailenge kwa yai, itarudi. Muuza mayai anapungukiwa, anachomekea mayai ya bata, ambayo hayana nguvu hiyo. Basi. Usiku Cheung anatupa yai, maiti inarudi. Anatupa jingine, inarudi. Sisi tunajua kuna mayai ya bata ndani ya kile kikapu, yeye hajui, na kila mkono unapoingia kikapuni roho inaruka. Hakuna hata ngumi moja hapo, wala sura ya kuchekesha. Kuna sharti lililowekwa wazi, udanganyifu mdogo wa mfanyabiashara, na kusubiri. Nyinyi mna simu na vijana sita, na kichekesho cha namna hiyo hakiwagharimu kitu zaidi ya karatasi na kalamu.

The Prodigal Son ya mwaka 1981 inafanya hivyohivyo kwa filamu nzima. Mtoto wa tajiri anaamini yeye ni bingwa wa mji, kumbe nyumbani kwao wamekuwa wakiwahonga wapinzani wajiangushe. Kila ushindi wake wa mwanzo tunaucheka, na siku anapokutana na asiyehongwa hatucheki tena. Filamu hiyo ilishinda tuzo ya Hong Kong ya upangaji wa mapigano. Ukiuliza kwa nini mapigano yake yanagusa kuliko ya filamu nyingine zenye sarakasi kubwa zaidi, ni kwa sababu kila pambano linabadilisha kitu kwa mtu anayepigana.

Haya, walikuwa wanapigana kweli? Mwilini, mara nyingi waligusana. Usoni, kwa kawaida hapana. Wacheza stanti wa Sammo walivaa pedi chini ya nguo na kupokea mateke ya kifua na mgongo, na wengi waliumia. Lakini waliopokea mateke hayo walifundishwa kuanguka tangu utotoni, na aliyerusha alijua kuusimamisha mguu pale unapogusa nguo. Nyinyi hamna viwili hivyo. Kugusana kwenu ni kuumizana tu, na kamera wala haioni tofauti.

Ngumi zenu zinaonekana za uongo kwa sababu ya mahali simu ilipokaa. Mkiwarekodi wawili wakiwa ubavu kwa kamera, pengo kati ya ngumi na shavu linaonekana peupe. Isogezeni kamera ikae nyuma ya bega la anayepigwa, au nyuma ya anayepiga, hadi kamera, ngumi na uso vipangane kwenye mstari mmoja. Hapo ngumi inaweza kupita sentimita 25 mbele ya shavu na picha ikasema imetua. Ngumi ya kuzungusha, inayotoka kulia kwenda kushoto, inafaa zaidi kwa wanaoanza kuliko ya moja kwa moja, kwa sababu inalifagia eneo lote la uso kwenye picha. Anayepigwa ageuze kichwa kufuata ngumi inakoelekea, na aanze ngumi inapopita, si kabla. Kosa la kuwahi kugeuka ndilo linaloharibu shoti nyingi za wanaojifunza kuliko kitu kingine chochote. Dawa yake ni kufanya mazoezi kwa robo ya kasi, kisha nusu, kisha robo tatu, na kasi kamili mara chache tu kabla ya kurekodi.

Pili, msirekodi pambano zima kwa mkupuo halafu mtegemee kulikatakata baadaye. Hong Kong walilijenga kipande kwa kipande kwa mfuatano wa hadithi: mapigo matatu hadi matano, kata, kamera inahamia mahali panapofaa kipande kinachofuata, endelea. Mpangaji wa mapigano ndiye aliyeamua kamera ikae wapi, kwa sababu pigo na pembe ya kamera ni kitu kimoja. Pambano lenu la sekunde 20 liandikwe kwanza kwenye karatasi: mapigo 12 hadi 15, vipande vinne. Miguu ionekane kwenye picha. Sammo alipenda picha ya mwili mzima kwa sababu mtu asiyeonekana miguu haaminiki kuwa na nguvu.

Mdundo nao ni urithi wa opera. Mapigo hayaji mfululizo kama mvua ya masika. Yanakuja mapigo matatu ya haraka, kisha wote wanaganda kwa nusu sekunde, kisha mawili, kisha kuganda tena. Ule mgando ndio unaolipa jicho nafasi ya kusoma nani yuko wapi, na kicheko huingia hapo. Pambano la Jackie Chan na Benny Urquidez, bingwa wa kickboxing, kwenye Wheels on Meals, ambayo hadithi yake iko Barcelona, lina mahali teke la Urquidez linakosa mtu lakini upepo wake unazima mishumaa. Kamera inasubiri kidogo ili tuielewe mishumaa. Bila ule muda, hicho kichekesho kingepita bila mtu kukiona.

Kasi mnayoiona haikuwa yote ya mwili. Filamu huonyeshwa fremu 24, yaani picha moja moja 24, kwa sekunde, na wao mara nyingi walirekodi 22 au hata 20, kwa hiyo ikionyeshwa inakwenda mbio kidogo. Kwa simu, rekodini kawaida, kisha kwenye programu ya kuhariri ongezeni kasi hadi asilimia 108 au 109, ambayo ni sawa na fremu 22. Msivuke 110. Mkizidisha, nguo zinazopepea na vumbi linaloanguka vitawasaliti, na mtu akitembea tu anaonekana kama mdoli. Kwenye mkato wa pigo kuna hila moja nzuri: shoti ya kwanza imalizie pale teke linapogusa, na ya pili ianze fremu mbili au tatu kabla ya kugusa. Jicho halilioni hilo rudio, ila linalihisi kama uzito.

Kuna na unga. Paka kiasi kidogo cha poda ya watoto kwenye kifua cha shati jeusi, halafu piga kwa kiganja mahali palipo na pedi: vumbi linaruka na pigo linaonekana mara mbili ya ukubwa wake. Fagieni sakafu kila baada ya shoti, poda inateleza kuliko mnavyodhani. Pedi mnaweza kukata sponji ya godoro unene wa sentimita tatu na kuifunga kwa bandeji chini ya nguo, magotini, viwikoni na kifuani.

Sauti inabeba nusu ya pigo. Filamu nyingi za Hong Kong za miaka hiyo zilirekodiwa bila sauti, kila kitu kikaingizwa studio baadaye, na mwongozaji aliweza kupiga kelele za kuhesabu mapigo wakati kamera inazunguka. Nanyi fanyeni hivyo. Kisha mjifungie chumbani na simu: fimbo nyembamba ikipitishwa kwa kasi karibu na maikrofoni inatoa upepo wa ngumi, na taulo bichi likipigwa sakafuni linatoa kishindo cha mwili. Upepo utangulie fremu nne au tano, kishindo kitue palepale kwenye mguso. Na kwa kuwa hadithi ilisimama kwenye picha zaidi ya maneno, watu wa kibanda umiza wasiojua neno hata moja la Kikantoni walicheka mahali palepale alipotaka wacheke.

Kwa hiyo mna njia tatu. Kugusana kweli kutawapa shoti mbili nzuri na majeruhi wengi, iacheni. Kutegemea kamera, uhariri na sauti pekee kunatosha kabisa kwa video za dakika tatu, na ningewashauri mkae hapo miezi kadhaa. Kujifunza sarakasi ndiyo njia ndefu na bora, ila inataka mwalimu aliye mbele yenu, anayewashika kiuno mnapopinduka. Kwa Tanzania, TaSUBa, chuo cha sanaa kule Bagamoyo, wanafundisha sarakasi pamoja na sanaa za jukwaa. Vikundi vya sarakasi vya mitaani navyo vina walimu wazuri, ila kwanza muulizeni mwalimu anavyofundisha kuanguka, na akidharau swali hilo tafuteni mwingine. Mpaka mtakapompata, mtu yeyote asiruke kutoka juu ya kimo cha kiuno, na pawe na magodoro mawili chini, yaliyofungwa pamoja yasiachane.

Wewe binafsi, kwa kilo 98, kila unapotua kutoka kwenye mruko magoti yanabeba mara kadhaa ya uzito huo. Wepesi wa Sammo ulijengwa kwa miaka ya mafunzo kabla hajawa steringi, na hata yeye alifanyiwa upasuaji wa moyo mwaka 2009. Kapime shinikizo la damu na sukari kabla ya kuanza mazoezi makali. Ukisikia kifua kubana, kizunguzungu, au pumzi isiyorudi baada ya dakika chache za kupumzika, simamisha kazi uende hospitali. Kwa sasa jiandikie mapigo ya mikono, kugeuka na kukwepa, waachie wenzako wepesi kuruka.

Kuna kitu kimoja kwake ambacho nakuomba usikichukue. Filamu za Lucky Stars zina vichekesho virefu vya wanaume watano kumvizia na kumshikashika mwanamke, na mwisho wa Encounters of the Spooky Kind unakifanya kipigo cha mke kuwa cha kuchekesha. Naipenda kazi ya Sammo kwa moyo wote, na bado sehemu hizo naziona ni doa. Hazina hata ufundi: hakuna sharti, hakuna siri, hakuna ustadi, kuna mtu anaonewa.

Baada ya miaka ya themanini, filamu alizoongoza zilipungua, lakini kazi haikuisha, kwa kuwa alikuwa na ufundi usiotegemea sura. Alipanga mapigano ya Ashes of Time ya mwongozaji Wong Kar-wai, akamwongoza Jackie tena kwenye Mr. Nice Guy mwaka 1997, kisha akawa steringi wa tamthilia ya Marekani, Martial Law, iliyorushwa na CBS kuanzia 1998 hadi 2000. Mapigano ya Ip Man ya 2008 na Ip Man 2 ya 2010 ni mpango wake, na kwenye hiyo ya pili anapigana mwenyewe na steringi Donnie Yen juu ya meza ya duara. Mwaka 2016 akarudi kuongoza kwa The Bodyguard, akicheza mzee anayepoteza kumbukumbu, na mwaka 2024 Tuzo za Filamu za Hong Kong zikamtunuku heshima ya mchango wa maisha.

Anza na The Prodigal Son, kisha Encounters of the Spooky Kind, kisha Wheels on Meals. Itazame kila moja mara mbili, ya pili ukiwa umezima sauti na una daftari. Chagua pambano moja la dakika mbili, andika kila mkato: mapigo mangapi, kamera iko wapi, wanaganda wapi. Kisha chukueni vipande vinne tu vya pambano hilo, mvirekodi upya uani kwa vipimo nilivyokupa, bila mtu kumgusa mwenzake usoni na bila mtu kuruka. Huyo mwenzenu mwenye maumivu ya kichwa mpeni kazi ya kushika simu, hapo daktari atakapokuwa ameshamwona.